Kibao Namba Kumi na Moja

Jumatatu, 2 Septemba
Bwawa: mita 453.20

Leo nimeitwa mchawi na mwanamke ambaye samaki wake wameozea kwenye friji, na jibu nililompa kwenye simu halifai kuandikwa kazini. Ndiyo maana nimenunua daftari hili. Kitabu cha zamu kina sheria zake: saa, namba ya laini, kilichofanyika, sahihi. Hakifutwi. Ukikosea unapiga mstari mmoja juu ya kosa, liendelee kusomeka, halafu unaandika ukweli pembeni na kusaini. Safu ya matusi hakina.

Mgao umeanza rasmi. Watu wanadhani nimekaa hapa kituoni nimebana umeme kwapani. Umeme si mahindi jamani, hauwekwi ghalani! Unaozalishwa dakika hii hutumika dakika hii. Watu wakivuta kuliko kinachozalishwa, mitambo inalemewa na nchi nzima inazimika. Kwa hiyo maji yakipungua bwawani, makao makuu wananipigia: "Punguza megawati nane." Mimi natazama ubao wangu wenye laini kumi na mbili zinazolisha mji huu, nachagua nani akose. Laini ya Kwanza haiguswi, ina hospitali. Kumi na moja zilizobaki zinapokezana kwa ratiba niliyobandika ukutani, saa nne asubuhi mpaka saa kumi jioni, leo hawa, kesho wale.

Maji yakifika mita 448, mitambo ya bwawani itazimwa yote. Hapo hata ratiba haitakuwa na maana.

Jumanne, 3 Septemba
453.11

Joto. Sina la kuandika.

Jumatatu, 9 Septemba
452.60

Nimepata jina mtaani. Watoto wa jirani wameniona natoka kazini, wakapiga kelele, "Mama Giza huyo! Mama Giza!" Nikawafukuza kwa mkoba, wakafurahi zaidi.

Nyumbani nako moto. Mama alikuwa ameshanyunyizia nguo maji, pasi mkononi, nikaikata Laini ya Sita, yaani laini yetu.

"Mwanangu, hata mimi?"

"Ratiba, mama."

"Hiyo ratiba si umeiandika wewe?"

"Nikiiruka ya Sita, kesho mji mzima uko mlangoni kwako."

"Waje basi, niwapigie pasi."

Nilicheka, lakini hapo sitanii. Tangu nishike kazi hii sijampendelea mtu, hata aliyenizaa. Sidhani wako wengi kituoni wanaoweza kusema hivyo.

Jumanne, 17 Septemba
451.95

Mzee wa Bwawa ndiye anayenipa vipimo. Ananipigia kila asubuhi saa moja, miaka sita sasa, na sijawahi kumwona uso. Leo kasema visiki vimeanza kutokeza katikati ya maji, miti iliyozamishwa bwawa lilipojengwa. "Hata visiki vimechoka kujificha, binti yangu."

Niandike pia kuhusu vibao, maana leo mwanafunzi wa mafunzo aliniuliza nikamjibu vibaya, alistahili jibu la maana. Kila fundi wa laini ana kibao cha bati chenye namba yake. Vinaning'inia kwenye misumari karibu na mlango. Fundi akitaka kupanda nguzo, ananiita kwenye redio, natoa kibao chake msumarini, nakitundika kwenye swichi ya laini anayoifanyia kazi. Kikiwa pale, hakuna mkono wa kuiwasha laini ile, hata aje mkuu wa nchi. Na sikitoi mpaka nisikie sauti ya mwenye kibao akisema yuko chini. Sauti yake yeye, si ya dereva wala ya meneja.

Wa kwanza kuita kila siku ni Twiga, kibao namba kumi na moja, mrefu mpaka wenzake wanasema hahitaji ngazi. "Mama Giza! Habari za gizani? Nipe Laini ya Nne." Akimaliza: "Kumi na moja niko chini, vidole vyote kumi. Vya miguuni bado sijahesabu." Maneno yale yale kila siku, na kila siku natabasamu kama mjinga. Ananiita dada, basi na mkewe ananiita wifi.

Mdogo wangu ndiye kibao namba kumi na nne. Wenzake wanamwita Chapuchapu. Nilimwombea kazi mwenyewe, miaka minne iliyopita. Leo alinipigia kwa redio huku anatafuna.

Alhamisi, 26 Septemba
451.20

Meneja kaleta fomu mpya. Fundi akitaka kibao kitundikwe, kwanza ajaze fomu, meneja asaini, ndipo aniite. Sababu yake ni kwamba laini zenye vibao zinachelewa kurudi saa kumi, na makao makuu wanamfokea. Fomu moja ni saa nzima ya kumsubiri meneja amalize simu zake. Wakati huohuo kawapangia mafundi nguzo kumi kwa wiki.

Nilimwambia fomu hii italeta balaa. Akaniambia nitazame swichi zangu.

Ijumaa, 4 Oktoba
450.60

Nina hasira mpaka kalamu inachana karatasi.

Leo niliingia zamu ya mchana, nikapita kwa miguu mtaa wa viwanda. Nikatazama juu. Nani yuko kwenye nguzo ya Laini ya Tisa, mikono ndani ya nyaya, anapiga mluzi? Mdogo wangu. Sikumwita kwa kuogopa asije akashtuka. Nilisimama pale chini mpaka aliposhuka.

"Kibao chako kiko wapi?"

"Shikamoo kwanza, dada."

"Kibao!"

"Kiko msumarini. Dada, laini imekufa. Iko kwenye mgao mpaka saa kumi, ratiba umeandika mwenyewe. Nikasubiri sahihi ya meneja ya nini?"

"Na makao makuu wakiniambia niiwashe saa nane?"

Alicheka. "Tangu lini hao wakarudisha umeme kabla ya saa?"

Nilitaka kumnasa kofi katikati ya barabara, mwanamume wa miaka ishirini na tisa. Nikamwambia naenda moja kwa moja kwa meneja. Hapo ndipo kicheko kikaisha. Ana barua moja ya onyo tayari, ya gari alilogonga mwaka jana, na ya pili ni ya kwenda nyumbani. Mkewe atajifungua Desemba.

"Utanimaliza, dada. Na si mimi peke yangu. Sote tunafanya."

Nilimwambia sitaki kusikia habari za sote, nazungumza na yeye. Akaapa hatarudia. Kwa meneja sikwenda. Kibao namba kumi na nne nimekikuta msumarini kimetulia, nikakaa nacho chumba kimoja mpaka zamu ikaisha.

Jumamosi, 5 Oktoba
450.53

Chakula hakikushuka. Mama kauliza nina nini, nikasema joto.

Jumatano, 9 Oktoba
450.25

Amerudia. Kaniambia mwenyewe, tena kwa sauti ya mtu anayeungama huku akijua atasamehewa. Nguzo kumi kwa wiki haziwezekani kwa fomu, anasema.

Basi tumekubaliana hivi. Kila asubuhi ananiandikia ujumbe kwenye simu: laini gani, mpaka saa ngapi. Naunakili kwenye kikaratasi, nakiweka mfuko wa kifuani wa sare. Akishuka ananiandikia tena. Ni kibao pia, tofauti yake kinakaa mfukoni mwangu badala ya kwenye swichi. Leo ilikuwa "Saba, mpaka saa kumi." Saa tisa na nusu akaandika "Chini." Nimekula vizuri leo.

Jumanne, 22 Oktoba
449.35

Mgao sasa ni saa kumi na mbili kwa siku: sita za mchana kama zamani, na sita za usiku. Kinyozi wa jirani alikuja mpaka getini na mashine yake ya kunyolea mkononi, akaiweka mezani kwa mlinzi: "Mpe Mama Giza, amnyolee nayo mumewe." Mume mwenyewe sina, lakini ujumbe umefika.

Mwezi uliopita nilikuwa natundika vibao saba, nane kwa siku. Wiki hii ni viwili. Leo hata kimoja hakikutoka msumarini. Nimejiambia kazi zimepungua. Ila jioni magari ya mafundi yamerudi yamechafuka vumbi na mabaki ya nyaya yamejaa nyuma.

Twiga bado ananiita asubuhi, anauliza habari za gizani, anaaga. Kibao cha Laini ya Nne haombi tena, nami simuulizi.

Alhamisi, 24 Oktoba
449.21

"Tisa, mpaka saa kumi." "Chini."

Ijumaa, 25 Oktoba
449.14

"Tano, mpaka saa kumi." "Chini." Mawingu kidogo, yakaondoka.

Jumanne, 5 Novemba
448.30

Sentimita thelathini zimebaki. Mzee wa Bwawa siku hizi hasemi utani, anasoma namba na kukata simu. Meneja anatembea na shati limetoka nje ya suruali. Mama kaacha hata kulalamika, anakunja nguo bila kuzipiga pasi, na hilo linaniuma kuliko maneno yake.

Nilikuwa namwona Chapuchapu ni mtoto mtukutu na mimi ndiye mwenye akili. Leo nimegundua nausubiri ujumbe wake kama nasubiri dawa. Ukichelewa dakika tano namjibu vibaya kila anayenisemesha.

Jumanne, 12 Novemba
448.12

Tumefika shingoni.

Alhamisi, 14 Novemba
448.19

Imepanda! Mvua imenyesha milimani tangu jana. Mzee wa Bwawa alisoma namba, kisha nikasikia anapenga kamasi. "Binti yangu, visiki vimezama viwili." Nikamwambia anilipie soda akishuka mjini. Tulicheka kama wendawazimu.

Jumapili, 17 Novemba
449.60

Inanyesha hata hapa. Watoto wanaoga barabarani na nguo zao. Mmoja kanipungia mkono bila kuniita jina lolote.

Jumatatu, 18 Novemba
450.45

Nisipoandika leo, najua kesho nitaanza kujipunguzia lawama.

Asubuhi Twiga aliita. Anga lilikuwa limefunguka, jua la baada ya mvua. "Mama Giza! Maji yamejaa, sasa tutakuita nani?"

"Niite jina langu."

"Nimelisahau, dada. Siku njema."

Ujumbe wa mdogo wangu: "Tisa, mpaka saa kumi." Nikaunakili, nikaweka mfukoni. Saa nne nikakata laini za ratiba ya leo: ya Pili, ya Nne, ya Tano, ya Saba na ya Tisa.

Saa nane na dakika tano mchana makao makuu wakapiga. Mitambo mitatu iliyokuwa imelala bwawani imewashwa. "Mgao umefutwa kuanzia sasa hivi. Umeme upo mwingi, chukueni mzigo." Meneja alikuwa amesimama nyuma yangu, akapiga makofi mara moja, akasema, "Washa zote!"

Nilitazama ubao. Sheria inasema utazame vibao kwanza. Hakukuwa na kibao hata kimoja kwenye swichi zile tano. Vyote ishirini vilikuwa misumarini, vimepangana vizuri.

Nikagusa mfuko wangu.

Nikawasha ya Pili. Ikashika. Nikawasha ya Nne. Mshale wa kipimo cha umeme uliruka mpaka mwisho, swichi ikajikata yenyewe. Huwa inatokea, tawi bichi likilalia waya. Utaratibu unasema laini ikijikata uirudishe mara moja, ujaribu. Nikairudisha. Mshale ukaruka tena, ukatetemeka, ukatulia. Ikashika. Nikawasha ya Tano, nikawasha ya Saba.

Ya Tisa sikuiwasha.

"Na hiyo?" meneja akauliza.

"Swichi imegoma. Nipe dakika."

Nikaenda dirishani nikampigia mdogo wangu. Haipokelewi. Nikapiga tena. Nje mji ulikuwa unashangilia, mbinja na masufuria, "Umeme huo! Umeme huo!" mtaa baada ya mtaa. Nilipiga mara tisa. Saa nane na dakika thelathini na mbili akapokea.

"Niko chini dada, nilikuwa nakula. Vipi?"

Nilikaa chini kwenye sakafu. Nikasimama, nikaiwasha ya Tisa, nikaandika kwenye kitabu cha zamu: *Laini ya Tisa, 8:32, imechelewa, swichi iligoma.* Sahihi yangu. Nilikuwa na furaha. Lazima niandike hili pia. Nilikuwa na furaha kuliko siku yoyote ya mwaka huu.

Dakika hiyohiyo redio ikalia. Ilikuwa sauti ya dereva wa gari la Twiga. "Zima Nne! Zima Nne! Dada, zima Nne!"

Nilizima. Nikauliza kuna nini, ingawa nilishajua. Dereva alikuwa amekwenda kununua maji. Aliporudi alimkuta Twiga ananing'inia kwenye mkanda wake.

Kibao namba kumi na moja kilikuwa msumarini. Na mimi niliiwasha laini ile mara mbili.

Jumatano, 20 Novemba

Tumemzika. Sikuandika kipimo, Mzee wa Bwawa alipiga sikupokea.

Jumatatu, 25 Novemba
452.30

Kikao cha uchunguzi kilichukua dakika arobaini. Meneja alisoma: marehemu alipanda bila kuomba kibao, kinyume cha utaratibu, mwendeshaji wa zamu alifuata utaratibu. Uzembe ni wa marehemu. Habari za fomu hakuna aliyezitaja. Habari za ratiba hakuna aliyezitaja. Mafundi walikaa wamejiinamia, na mdogo wangu kati yao, anachezea kucha.

Waliniuliza kama nina la kuongeza. Nikasema sina.

Meneja aliniambia mlangoni, "Wewe uko safi." Nilimshukuru! Mdomo huu ulimshukuru.

Ijumaa, 29 Novemba
453.10

Umeme saa ishirini na nne. Mama anapiga pasi hata vitambaa vya jikoni. Kinyozi kaniamkia.

Jumatatu, 2 Desemba
453.75

Mke wa Twiga alikuja kituoni kuchukua vitu vyake: koti la mvua, chupa ya chai, na kibao. Vya kwanza viwili nilimkabidhi. Kibao nilimwambia ni mali ya kituo, lakini ukweli mkono uligoma kukifikia kile kibati. Tulikaa kwenye benchi la nje. Amekonda. Aliuliza habari za mama yangu kabla sijauliza habari za watoto wake.

Halafu akasema, "Wamesema ni uzembe wake. Mtoto mkubwa kaniuliza uzembe ni nini."

Nikamkunjia koti la mvua, naye akaendelea:

"Siku ile wifi, sisi kwetu umeme ulikawia. Tuko Laini ya Tisa sisi. Nilisikia ng'ambo wanashangilia, kwetu bado. Nimesimama dirishani namwambia mtoto, subiri, shangazi yako Mama Giza katusahau. Kwa nini kwetu ulikawia?"

Aliuliza tu, kama mtu anavyouliza jambo lolote la siku ile, kwa sababu anaipitia siku ile kila saa na anataka asiache kipande.

"Swichi iligoma," nikasema.

Alitikisa kichwa polepole. Akaifunga ile chupa ya chai, ingawa ilikuwa tupu.

"Laiti na ya Nne ingegoma," akasema. Akanishika mkono, akaniaga.

Jumanne, 3 Desemba
453.90

Nimemwita mdogo wangu nyumbani. Nilimweleza nitakachofanya na kitabu cha zamu. Alisimama, akakaa, akasimama.

"Mtoto anazaliwa wiki hii, dada. Wiki hii!"

"Najua."

"Twiga hatarudi hata ukiandika kitabu kizima."

"Najua. Lakini wanawe wanaambiwa baba yao alikuwa mzembe. Siku ile barabarani uliniambia sote mnafanya. Nilisikia. Nilikuwa na jina moja mfukoni, ilhali mafundi ni ishirini."

"Ulitaka nife mimi?"

"Nilitaka ufe wewe? Mwendawazimu! Nilipiga simu mara tisa." Na hapo nikalia, tena kwa sauti, mbele yake, jambo ambalo sijafanya tangu baba afe. "Angekuwa na dada mwenye swichi, naye angepigiwa."

Aliondoka bila kuaga. Mama alikuwa mlangoni muda wote, sikumwona. Nilidhani atanilaani kwa kumtupa mwanawe.

"Mchuma janga hula na wa kwao," akasema. "Hili mmelichuma nyinyi wawili na wamelila watu wengine." Kisha akachukua sare yangu kwenye kamba, akaenda kuipiga pasi.

Jumatano, 4 Desemba
454.05

Mzee wa Bwawa kasema leo hakuna kisiki hata kimoja kinachoonekana. Nimemshukuru, nikamuuliza afya.

Niliingia saa moja na nusu, kabla ya meneja. Nilipita kwanza nyumbani kwa Twiga, nikamweleza mkewe yote nikiwa nimesimama, kikaratasi cha "Tisa, mpaka saa kumi" mkononi. Hakupiga kelele. Alikisoma, akakisoma tena, akanirudishia, akafunga mlango taratibu. Neno wifi hakulitamka.

Mdogo wangu nilimkuta amekaa kwenye ngazi za kituo. Ameandika yake mwenyewe, karatasi mbili, mwandiko mbaya, kwamba mafundi wote walipanda bila vibao tangu fomu ianze na yeye akiwemo. Hakunitazama. Kaniuliza ampelekee nani.

Nikafungua kitabu cha zamu ukurasa wa tarehe kumi na nane Novemba. Nikapiga mstari mmoja juu ya maneno *swichi iligoma*, yabaki yanasomeka, kama sheria inavyotaka. Pembeni nikaandika:

*Swichi haikugoma. Nilijua fundi wa Laini ya Tisa anapanda bila kibao, nikamsubiri kwa sababu ni ndugu yangu. Wa Laini ya Nne sikumsubiri.*

Nikasaini.